Chumba cha Nailoni cha Kukhu

Jana asubuhi jirani yangu hapa Mwiki alianza kuziba veranda yake kwa nailoni, ile nzito ya kufunikia nyanya shambani, maana baridi imeingia na ana mtoto mchanga. Mimi nilikuwa naanika nguo ambazo nilijua hazitakauka. Alipoikunjua ile nailoni, harufu yake ikanifikia: plastiki iliyokaa juani miaka mingi, vumbi, na kwa mbali dawa ya kunyunyizia mimea. Niliacha nguo kwenye beseni nikaingia ndani kutafuta daftari ambalo mtoto wangu hakulimaliza mwaka jana. Sina mazoea ya kuandika mambo marefu. Shule niliachia darasa la nane, na madaftari yangu mengine ni ya nani alikuja na mvua ilinyesha siku gani. Lakini hili nataka kuliandika, na nataka kuliandika kwa haki, kwa sababu kuna mtu nilimwonea, na mtu huyo ni baba yangu.

Tulikuwa tunakaa Kiganjo, Thika. Baba alifanya kazi katika kiwanda cha juisi kule Eneo la Viwanda, na Mama aliuza mboga karibu na shule. Nyumba yetu ilikuwa ya vyumba viwili, ya mwisho kwenye mstari wa nyumba za Mama Wambui, mama mmoja mnene, mcheshi, ambaye alikuwa anajua habari za kila mpangaji kabla mpangaji mwenyewe hajazijua. Kwa sababu ilikuwa ya mwisho, nyumba yetu ilikuwa na kitu ambacho wengine hawakuwa nacho: veranda ya nyuma. Niseme ukweli, haikuwa veranda ya kujivunia. Ilikuwa sakafu ya simiti na nguzo mbili, bila paa. Tulitokea hapo kwa mlango wa jikoni, tukaoshea vyombo hapo, na mimi nikachezea hapo.

Halafu barua ya hospitali ikaja. Kukhu, mama yake Mama, alikuwa amefungwa macho yote mawili na mtoto wa jicho. Alikaa nyumbani upande wa Bungoma, na jina lake lilikuwa limengoja kwenye orodha ya upasuaji muda mrefu. Sasa ameitwa. Angekuja Thika akae karibu na hospitali, afanyiwe jicho moja, atiliwe dawa, aangaliwe tena na tena. Hiyo ilikuwa miezi miwili, na yote ya baridi, ile baridi ya kwetu ya ukungu na manyunyu ambayo jua linaonekana saa saba kama limekuja kusalimia tu. Daktari alisema asikae kwenye moshi wala vumbi.

Mimi nilifurahi sana. Nilikuwa na miaka minane, au tisa, na nilishajipangia kwamba Kukhu atalala na mimi.

Jumamosi iliyofuata Baba alirudi na mkokoteni wa mbao za paleti, zile za kupangia mizigo, ambazo kiwanda kilikuwa kinatupa, na juu yake bunda la nailoni kuukuu kutoka shamba moja la maua huko Ruiru. Akasema anafunga ile veranda ya nyuma. Mama Wambui akaja, mikono kiunoni.

"Haiya! Baba Nafula, unanijengea nyumba juu ya nyumba yangu?"

"Ni ya baridi tu, Mama Wambui. Mwezi wa tisa jua likirudi naitoa yote."

"Na ukipangisha mtu mwingine humo ndani?"

"Nimpangishe nani kwenye nailoni?"

"Aa, watu wa siku hizi. Wanaweza kupangisha hata kivuli." Akacheka, akakubali, na hakuondoka. Alikalia ndoo akawa fundi mkuu, kazi yake ikiwa kukosoa.

Kazi yangu mimi ilikuwa kunyoosha misumari iliyotolewa kwenye paleti. Unaiweka juu ya jiwe, unaishika kwa vidole viwili, unagonga mgongo wake hadi inyooke. Kidole cha gumba cha kushoto mpaka leo kina ukucha usio sawa, na ni kwa sababu ya kazi hiyo, ingawa dada yangu anasema ni mlango wa gari. Basi nilikuwa hapo, na niliona yote, na yote niliyoyaona niliyasoma vibaya.

Jambo la kwanza lilikuwa paa. Baba aliweka mabati mawili juu ya nguzo, lakini hakuyafikisha kwenye ukuta wa nyumba. Aliacha nafasi ya vidole viwili, ndefu, kutoka mwanzo hadi mwisho. Mama Wambui akainuka kwenye ndoo.

"Fundi gani huyu? Mvua itaingia hapo!"

"Nitaweka mfereji wa kupokea maji."

"Si usukume tu bati mbele! Ni kitu kidogo hivi."

"Wacha tu ikae hivyo," Baba akasema, na akakata bomba la plastiki katikati kwa urefu, akalitundika chini ya ile nafasi. Kazi ya saa nzima, na bati lingesukumwa kwa dakika moja.

Jambo la pili lilikuwa mlango. Chumba kile alikipa mlango wake mwenyewe, wa kutokea nje. Na jambo la tatu ndilo lililonichoma. Jioni ya Jumapili, kazi ikiwa imekwisha na nailoni imevutwa pande zote ikawa ngumu kama ngozi ya ngoma, Baba aliingia jikoni, akafunga ule mlango wetu wa nyuma, akachukua misumari sita, ile ile niliyoinyoosha mimi, akaupigilia mlango kwenye fremu. Tatu juu, tatu chini. Akaujaribu kwa bega. Haukutikisika.

Nilimfuata Mama. "Kwa nini Baba anamfungia Kukhu nje?"

Mama alikuwa anachambua mboga. "Si kumfungia nje. Ni heshima."

"Heshima gani ya kupigilia mtu misumari?"

"Nafula, nenda ulete maji."

Hayo ndiyo yaliyokuwa maelezo yote niliyopewa. Sikumbuki kama niliuliza tena. Labda niliuliza. Watu wazima wa wakati ule walikuwa wanadhani neno moja likisemwa kwa sauti ya kutosha linajieleza.

Wewe unayesoma, kama ni mtu wa kwetu, umeshaelewa. Kama si wa kwetu, niseme sasa kile ambacho mimi sikukijua. Kwetu mama mkwe halali katika nyumba ya mume wa binti yake. Hawali sahani moja, hawapeani mkono, wakikutana njiani mmoja anapisha. Si chuki, ni kinyume chake kabisa. Mtu anayekuheshimu sana anakukalia mbali. Sasa Baba alikuwa na vyumba viwili, mama mkwe haoni, na baridi imefika. Ndiyo maana alijenga nyumba nyingine, yenye paa lake lisiloguswa na letu, mlango wake, na ukuta wa kati usiopitika, ili Kukhu alale hatua tatu kutoka kwa binti yake bila kulala kwa mkwe. Vidole viwili vya hewa ndivyo vilivyokuwa mpaka. Na nailoni ilikuwa inapitisha mwanga wote uliokuwepo na kuzuia moshi wote wa jiko. Kilikuwa ndicho chumba kizuri kuliko vyote tulivyokuwa navyo. Lakini mimi niliona kibanda cha kuku.

Kukhu alifika na kikapu na fimbo. Nikamsalimu, "Mulembe, Kukhu," akanishika uso kwa mikono miwili na kunisoma kwa vidole, pua, masikio, meno yaliyotoka. "Mayi, umekuwa mkubwa na hujanona," akasema, akiniita mama kama wazee wa kwetu wanavyomwita mtoto wa kike. Mama akamzungusha kwa nje hadi chumbani kwake. Aligusa nguzo, akagusa nailoni, akapima kwa fimbo mpaka ukutani, akagonga ule mlango wa misumari mara mbili, akakaa kitandani. Mimi nikadhani ameumia.

Basi kwa wiki mbili nilimchukia baba yangu. Naandika hivyo kwa sababu ndivyo ilivyokuwa. Alikuwa haendi chumbani kwake kumsalimu. Alikuwa hasemi naye. Akitaka kujua kama amelala vizuri ananituma mimi: "Kamuulize Kukhu kama maji yanaingia." Naenda, nauliza, narudi: "Amesema hayaingii." "Kamwambie nitaongeza nailoni upande wa upepo." Kama mtu anayemtumia jirani mbaya salamu.

Ilikuwa Jumanne, na upasuaji ulikuwa Alhamisi. Shule zilikuwa zimefungwa. Baba alikuwa kazini na Mama kwenye mboga zake, na Mama Wambui alikuwa amemchukua Kukhu wakakae kwake kidogo, maana walishakuwa marafiki ingawa Kiswahili cha Kukhu kilikuwa kidogo na cha Mama Wambui kilikuwa cha kwake peke yake. Usiku kucha nilikuwa nimemsikia Kukhu akikohoa nyuma ya mlango. Nikachukua nyundo ya Baba. Ule upande wa nyuma wenye pembe mbili, wa kung'olea. Msumari wa kwanza ulinitoa jasho. Wa sita ulitoka kama jino la maziwa. Nikafungua mlango wote, hewa ya moto ya jikoni ikaingia chumbani kwa Kukhu, na nikasimama hapo katikati ya nyumba mbili nikijiona nimefanya jambo ambalo hata mtu mzima hawezi.

Nikasikia fimbo nje. Hapo ndipo woga uliponishika. Nikaingia chini ya meza ya jikoni na misumari yote sita mkononi.

Kukhu aliingia akiongozwa na Mama Wambui, akasimama. Akageuza uso kuelekea joto. Akanyoosha fimbo mahali ambapo mlango ulikuwa, na fimbo haikugonga kitu.

"Nani amefungua hapa?"

"Ngai! Uko wazi kweli," Mama Wambui akasema. "Si ni Baba Nafula tu? Nani mwingine ana nyundo?"

Kukhu alikaa kitandani. Halafu akaanza kutafuta kikapu chake kwa mikono. Akakunja leso, akakunja sweta, akaweka chupa ya dawa katikati ya nguo ili isivunjike.

"Unaenda wapi, shosho?"

"Nyumbani."

"Na macho?"

"Macho yatabaki hivi hivi. Mwenye nyumba akibomoa ukuta wangu, amenionyesha njia."

Mama Wambui hakuelewa hata nusu, lakini alielewa kikapu. Alitoka mbio na simu kumpigia Baba. Nami chini ya meza nilielewa kitu kimoja: Kukhu anaondoka siku mbili kabla ya kuona, na ni mimi.

Baba alifika saa ya chakula, kwa baiskeli, bado na aproni ya kiwanda. Hakuingia. Alisimama nje, upande wa pili wa nailoni, akiangalia chini. Kukhu alikuwa ndani, kikapu mapajani, amegeuza uso ukutani. Walikuwa mita mbili mmoja kutoka kwa mwenzake, na kati yao ni ile nailoni tu.

"Nafula," Baba akaita. Nilitoka, mkono mmoja nyuma ya mgongo. Aliniangalia uso, akauangalia ule mkono. Nina hakika aliijua misumari yake. Nikangoja kofi.

"Mwambie Kukhu," akasema, "mlango ule niliupigilia vibaya. Misumari ilikuwa ya zamani. Ni kosa langu."

Nikageukia nailoni. "Kukhu, Baba anasema aliupigilia vibaya."

"Nimesikia. Mwambie misumari sita haianguki siku moja."

"Baba, Kukhu anasema..."

"Nimesikia. Mwambie basi ni mimi niliyeitoa. Nilikuwa na haraka ya kwenda kazini na sikufikiria."

"Haiya," Mama Wambui akanong'ona karibu nami, "hawa watu si wanasikizana? Mtoto anarudia nini?"

Lakini mimi sikurudia. Maneno yale yalikuwa ya uongo, na yangefika kwa Kukhu kupitia mdomo wangu yangemfungasha kabisa. Baba alikuwa anaubeba ule mlango mgongoni kwa ajili yangu na haoni kwamba ndio unaomfukuza mama mkwe wake. Au aliona. Hadi leo sijui. Nilifungua mkono. Misumari ilikuwa imeniacha na alama.

"Kukhu, ni mimi. Nilitoa kwa nyundo. Nilidhani Baba amekufungia nje kama kuku."

Nilimwangalia Baba, na hapo ndipo nilipopata adhabu yangu, kwa sababu alikuwa hajui. Wiki mbili zote hakujua kwamba mtoto wake anamfikiria hivyo. Alishika ncha ya nailoni pale ilipolegea akaibana kwenye mbao kwa kidole, kama mtu aliyekuwa na kazi hiyo.

"Kama nini?" Kukhu akauliza.

"Kama kuku."

"Njoo hapa." Nikaingia. Akanishika mkono akaupitisha juu ya ubao wa kitanda, kutoka kichwani hadi miguuni, polepole. Kitanda kile Baba alikitengeneza kwa paleti zile zile. "Umechomwa na mwiba?"

"Hapana."

"Pitisha tena. Chini. Huko ndani ambako mkono wa mtu haufiki."

Nikapitisha. Kulikuwa laini kama sahani. Nikakumbuka sasa kwamba nilikuwa nimemwona Baba jioni tatu na kipande cha chupa, anakwangua, anapuliza vumbi, anakwangua, na nikadhani anajipotezea muda ili asiongee na sisi.

"Kuku gani analala hapa?" Kukhu akasema. "Huyu mtu amenijengea boma ndani ya boma lake. Nimekuja kwa binti yangu na sijamvunjia mtu heshima, nalala usingizi. Halafu wewe unanitolea mlango!" Na akaanza kucheka, kicheko cha pua, mabega yakitikisika, hadi Mama Wambui naye akacheka bila kujua ni nini. "Chukua nyundo yako."

"Mimi?"

"Aliyeng'oa ni nani?"

Basi niliingia jikoni nikafunga mlango, nikaipigilia misumari mwenyewe. Baba alitaka kunisaidia, Kukhu akasema kwa nje, "Mwambie mwenye baiskeli arudi kazini, kuna fundi hapa." Msumari wa kwanza ulipinda. Kukhu, upande wa pili, alikuwa ameweka kiganja kwenye mbao akisikiliza. "Bado! Huo umeingia upande. Gonga! Bado!" Nilitumia saa nzima. Alipousukuma mlango kwa fimbo na haukutikisika, nilisikia anakitoa kile kikapu mapajani na kukiweka sakafuni.

Upasuaji ulikwenda vizuri. Ijumaa bandeji ikatolewa, na Jumamosi Kukhu alishinda chumbani kwake akiangalia vitu: kucha zake, sufuria, mimi. Alisema nilikuwa na sura ya shangazi fulani ambaye hakumpenda. Jua lilitoka mchana ule, la kweli, na nailoni ikawa nyeupe yote, imejaa mwanga kama maziwa kwenye glasi.

Saa kumi na moja Baba alirudi kutoka kazini. Kabla ya kupinda kona ya nyumba alikohoa, ndiyo tabia yake, ili Kukhu apate muda wa kugeuka. Alifika kwenye bomba la maji la nje, mbele kidogo ya chumba, akainama kunawa mikono. Kupitia ile nailoni kuukuu hukuona uso wa mtu. Ulimwona mtu tu, rangi ya shati lake, umbo lake, jinsi anavyosogea.

Kukhu hakugeuka.

"Ni yeye?" akaniuliza.

"Ni yeye."

Alikuwa hajawahi kumwona. Siku ya mahari alikuwa ameinamisha kichwa kama inavyotakiwa, na baada ya hapo macho yakaenda. Alimpa binti yake kwa kusikia sauti.

"Mwambie anawe na miguu pia," akasema.

Nikatoka. "Kukhu anasema unawe miguu."

Baba aliiangalia miguu yake. Ilikuwa kwenye buti, mikavu, safi. Kisha, bila kuinua macho, akavua buti moja, akavua nyingine, akakunja suruali na kuiweka miguu chini ya maji, na akainawa pole pole, mmoja baada ya mwingine, halafu wa kwanza tena, kwa maji yale ya baridi ya Agosti. Hakuharakisha hata kidogo. Nilikimbia kurudi ndani.

Kukhu alikuwa ameegemea mbele, mikono magotini, uso karibu uguse nailoni.

"Ni mrefu," akasema. "Miaka yote hii hakuna mtu aliyeniambia kwamba ni mrefu."

Mimi, ambaye wiki mbili zile nilikuwa nimezoea kupeleka maneno, sikungoja kutumwa. Nilitoka tena.

"Amesema nini sasa?" Baba akauliza.

"Amesema wewe ni mrefu."

Baba akafunga bomba. Akasimama pale pale, miguu mitupu juu ya simiti iliyolowa, akanyoosha mgongo uliokuwa umeinama mashineni tangu asubuhi, akarudisha mabega nyuma, na akakaa hivyo.